Errol Morris na Mada Zinazopitwa na Wengi

Wanafunzi wa filamu za hali halisi wanaponiuliza kama mada ya ajabu inaweza kubeba filamu nzima, huwaonyesha kazi za Mmarekani Errol Morris. Filamu yake ya kwanza, Gates of Heaven ya mwaka 1978, inahusu makaburi ya wanyama wa kufugwa nyumbani huko California, ambako eneo moja la maziko lilifungwa na mabaki ya wanyama yakafukuliwa ili yakazikwe kwingine. Ni mada ambayo mwingine angeitumia kuwachekesha watazamaji, lakini Morris aliichukulia kwa uzito wote.

Kuna sehemu ambayo mwanamke mzee ameketi mlangoni mwa nyumba yake. Anaanzia kwenye makaburi, mara anahamia kwenye miguu inayomsumbua, kisha kwenye kijana wa familia yake, na hapo maneno yake yanaanza kupingana yenyewe kwa yenyewe. Kamera imetulia na hakuna anayemkatiza. Mimi ni mhariri, na ninajua jinsi mkono unavyowasha mhojiwa anapotoka nje ya swali. Ningekata mapema, na upweke wa mama yule usingeonekana kamwe.

Uvumilivu huohuo ulizaa jambo zito zaidi. Morris, aliyewahi kufanya kazi ya upelelezi binafsi, aliwaacha mashahidi wa kesi moja ya kuuawa kwa polisi mjini Dallas wazungumze mpaka ushahidi wao ukaonekana ulivyo dhaifu. Filamu hiyo, The Thin Blue Line, ilitoka mwaka 1988, na mwaka uliofuata Randall Dale Adams, aliyekuwa amefungwa kwa kosa hilo, aliachiwa huru.

Baadaye alibuni chombo alichokiita Interrotron, ambacho ninakiona kuwa mchango wake mkubwa katika ufundi wa mahojiano. Watangazaji wa habari husoma maandishi kwenye kioo kilichoinamishwa mbele ya lenzi. Morris aliondoa maandishi na kuweka uso wake mwenyewe, unaoletwa na kamera ya pili inayompiga picha yeye. Kwa hiyo mhojiwa humtazama mtu anayezungumza naye, na papo hapo anakuwa ameitazama lenzi, yaani anatutazama sisi. Katika mahojiano ya kawaida muulizaji huketi kando ya kamera, na macho ya mhojiwa hutupita pembeni.

Ndivyo alivyorekodiwa Robert McNamara, aliyekuwa Waziri wa Ulinzi wa Marekani wakati wa vita vya Vietnam, katika The Fog of War ya mwaka 2003. Mzee huyo wa zaidi ya miaka 80 anaeleza vita kwa tarakimu na hoja zilizopangika, hadi anapofika kwenye habari ya kumtafutia Rais Kennedy mahali pa kuzikwa. Hapo sauti inamkwama, machozi yanamlenga, na kamera, kama ilivyokuwa kwa yule mama mlangoni, haimkatizi.