Kwa nini sokwe wa Gombe waliuana: ukali wa wanyama unatoka wapi

Kila nikipewa nafasi ya kuongea na watu kuhusu tabia za wanyama, iwe shuleni au kwenye mkutano wa kijiji, swali ni lile lile: hivi huu ukali uko kwenye damu? Anayeuliza unakuta mbwa wake kamng'ata mtoto wa jirani, au nyani wamemmaliza mahindi shambani, au amesikia tu kwamba sokwe wanauana wenyewe kwa wenyewe, na anataka nimjibu ndiyo au hapana. Kazi yangu ndo hii miaka mingi sasa, na kabla ya kujibu huwa naomba tuanzie Gombe, maana kule ndo swali hili lilipowaumiza watafiti kichwa kuliko sehemu yoyote.

Gombe ni hifadhi ndogo, ukanda mwembamba wa milima inayoshuka mpaka Ziwa Tanganyika, kaskazini mwa mji wa Kigoma, na watu wengi hufika kwa boti. Jane Goodall, mtafiti kutoka Uingereza, alishuka pale Julai 1960, na kwa zaidi ya miaka kumi picha iliyotoka kule ilikuwa ya sokwe wapole, wanachokonoa mchwa kwa vijiti, wanasafishana manyoya, wanakumbatiana wakikutana. Na ni kweli wanafanya hivyo, hakuna aliyedanganya. Halafu ikaja tarehe 7 Januari 1974.

Siku hiyo dume mmoja anaitwa Godi alikuwa juu ya mti anakula, peke yake. Kundi la sokwe wanane kutoka upande wa kaskazini, wengi wao madume wakubwa, likaja kimya kimya. Huo ukimya uzingatie, kwa sababu sokwe kwa kawaida ni mnyama wa kelele, wakikuta mti wenye matunda bonde zima linajua, lakini wakiingia mpakani wanatembea kama wawindaji, hawapigi kelele, wanasimama wanasikiliza. Godi kuja kushtuka wameshafika, akaruka chini akakimbia, dume mmoja wa lile kundi, Humphrey, akamdaka mguu akamkandamiza chini na wenzake wakampiga na kumng'ata kwa kama dakika kumi hivi. Walipomwachia mmoja wao akamrushia jiwe, wakaondoka. Godi alinyanyuka na majeraha yake, akaondoka, na hajaonekana tena. Aliyeshuhudia ni Hilali Matama, mmoja wa wafanyakazi waandamizi wa utafiti pale Gombe, na jina lake nalitaja makusudi kila ninapoongea, maana sehemu kubwa ya tunachokijua kuhusu sokwe wale kimeandikwa na Watanzania waliokuwa wanawafuata kwenye magenge na miba toka alfajiri mpaka wanapopanda kulala, na majina yao hayatajwi inavyostahili.

Godi alikuwa wa kwanza. Mpaka 1978 kundi la kusini, linaloitwa Kahama, lilikuwa limefutika, madume wake wameuawa au wamepotea mmoja mmoja. Goliath alikuwa mzee tayari, enzi zake aliwahi kuwa dume kiongozi, akauawa 1975. Hata Madam Bee, jike ambaye mkono wake mmoja ulikuwa umepooza kwa polio, hakuachwa. Na kinachouma zaidi ni kwamba hawa hawakuwa wageni kwa wageni. Miaka ya 60 Kahama na Kasakela, ndo lile kundi la kaskazini, walikuwa jamii moja, wamekula mti mmoja, wamesafishana manyoya, wanajuana kwa sura na kwa sauti, wakagawanyika mwanzoni mwa miaka ya 70 na baada ya hapo ndo yakatokea hayo.

Habari zilipotoka, watafiti wengine wakasema tatizo ni ndizi. Goodall alikuwa anawawekea sokwe ndizi kambini ili wamzoee, na hoja yao ilikuwa kwamba porini chakula kimetawanyika, kila mmoja anajitafutia, lakini ukikirundika sehemu moja umewalazimisha wote wakutane pale kila siku, wakubwa kwa wadogo, na lazima wagombane. Hoja hii haikuwa ya kupuuzwa. Ugomvi kambini uliongezeka kweli, Goodall mwenyewe aliliona hilo na ulishaji ukapunguzwa sana. Lakini je, ndizi zinaeleza mauaji? Mwaka 2014 watafiti wengi waliunganisha kumbukumbu zao kutoka jamii 18 za sokwe sehemu mbalimbali za Afrika, nyingi ambazo hazijawahi kulishwa na mtu, wakapata mauaji 152, mengine yameonwa kwa macho na mengine ya kukisia kwa ushahidi. Usumbufu wa binadamu haukuelezea yanatokea wapi zaidi. Kilichoelezea ni idadi ya madume na msongamano wa sokwe eneo lile. Washambuliaji karibu wote madume, waliouawa wengi ni wa kundi jingine, na uwiano wa kawaida ulikuwa wanane kwa mmoja.

Wanane kwa mmoja. Kwangu mimi hapo ndo penye jibu zaidi ya sehemu yoyote, kwa sababu mnyama ambaye ukali umemjaa tu kwenye damu angepigana hata wawili kwa wawili, hata akiwa peke yake angejitosa. Sokwe hafanyi hivyo. Pale kwenye msitu wa Kibale nchini Uganda watafiti walificha spika msituni wakapiga sauti ya dume mmoja mgeni, halafu wakaangalia wenyeji watafanya nini. Wakiwa madume watatu au zaidi, waliitikia kwa makelele wakaelekea kule sauti ilikotoka. Wakiwa wachache walinyamaza, na wakisogea walisogea kwa kusitasita. Yaani sauti ni ile ile na mgeni ni yule yule, kilichobadilika ni nani yuko pembeni yako. Kwahiyo sokwe anapiga hesabu: nina nini cha kupata, na nitaumia kiasi gani. Mmoja akiwa peke yake mbele ya wanane, kumuua hakuwagharimu wale wanane kitu, na wakimwondoa eneo linaongezeka na miti yake ya matunda. Simba wa Serengeti nao hivyo hivyo, majike walipopigiwa muungurumo wa jike mmoja mgeni na ule wa watatu waliitikia tofauti, walisogea haraka zaidi pale walipokuwa wengi kuliko wageni.

Naomba hapa nieleweke vizuri. Nikisema hesabu sisemi sokwe anakaa chini anafikiria kama mhasibu, nasema mwili na akili yake vimetengenezwa na vizazi vingi kiasi kwamba hofu inapanda akiwa peke yake na ujasiri unapanda akiwa na wenzake.

Zamani ilikuwepo nadharia maarufu ya Konrad Lorenz, mtafiti wa tabia za wanyama, kwamba ukali ni kama maji kwenye tenki, yanajaa yenyewe taratibu na lazima siku moja yamwagike. Watu wengi mtaani bado wanaamini hivyo bila kujua imetoka wapi, utasikia mtu anasema mwache apigane atoe hasira atulie. Ushahidi haujaiunga mkono, mnyama anayeshinda ugomvi mara nyingi anakuwa mwepesi zaidi kugombana kesho, hapungui. Mwenzake Nikolaas Tinbergen, waliyeshinda naye Nobeli ya 1973 pamoja na Karl von Frisch, alituachia kitu kinachofaa zaidi: ukiuliza kwa nini mnyama kafanya hivi, uliza maswali manne. Nini kimemchokoza sasa hivi na nini kinaendelea mwilini mwake, amekuaje na amejifunza nini, inamsaidia nini kuishi na kuzaa, na mababu zake walikuwaje. Mtu anayesema ni damu tu amejibu robo ya swali.

Chukua hilo la kukua. Kule hifadhi ya Pilanesberg, Afrika Kusini, walipelekwa tembo wadogo yatima ambao wakubwa wao walikuwa wameuawa hifadhi ya Kruger kwenye zoezi la kupunguza tembo. Wakakua bila mzee yeyote. Kuanzia 1992 mpaka 1997 madume wale waliua zaidi ya faru weupe 40, kitu ambacho tembo hana kawaida nacho kabisa. Dume la tembo lina kipindi ambacho homoni zinapanda sana, majimaji yanamtoka pembeni ya macho, mkojo unamchuruzika, na anakuwa mkali, na kawaida kinaanza akiwa na miaka 25 au 30. Hawa kiliwaanza wakiwa na kama 18, na kikadumu muda mrefu. Mwaka 1998 wakaletwa madume wazima sita kutoka Kruger. Vijana wakikutana na mzee, homoni zao zikashuka, na mauaji ya faru yakakoma. Hakuna aliyebadilishiwa damu pale. Walioongezeka ni wazee tu.

Au nyani wa Maasai Mara aliowafuatilia mtafiti Robert Sapolsky. Katika kundi moja madume wakali walikuwa na mtindo wa kwenda kupigania mabaki kwenye jalala la hoteli ya watalii, lililokuwa eneo la kundi jirani. Miaka ya 80 nyama yenye kifua kikuu ikatupwa pale na wote waliokuwa wanaenda kula wakafa. Waliobaki ni madume wapole, ambao hawakuwa na ubavu wa kugombania jalala, na majike wengi. Kundi likatulia, kusafishana manyoya kukaongezeka, wakubwa wakaacha kuwaonea wadogo. Sasa ujue nyani dume akibalehe anahama kundi alilozaliwa, kwahiyo baada ya miaka kama kumi madume wote wa mwanzo walikuwa hawapo tena, wote ni wageni waliotoka makundi ya kawaida yenye fujo zake, na bado kundi lilikuwa tulivu. Mgeni akifika anakuta majike wanamsogelea na kumsafisha manyoya mapema kuliko makundi mengine, hakuna anayempiga bila sababu, na baada ya miezi naye anaishi hivyo. Mimi niliposoma matokeo yale 2004 nilirudia kuyasoma mara mbili, maana nilifundishwa kwamba nyani dume ni fujo basi.

Hata bonobo wa Kongo, ndugu wa karibu wa sokwe, ambao kila mtu anawasifia upole, ukienda na rula ya kali na mpole utapotea. Mauaji kwao hayapo kabisa au kama yapo ni ya kushukiwa tu. Lakini utafiti wa 2024 uliolinganisha bonobo wa Kokolopori na sokwe wa Gombe ulikuta madume wa bonobo wanagombana mara nyingi zaidi, karibu mara tatu. Tofauti ni kwamba wao wanagombana mmoja kwa mmoja na yanaisha. Sokwe akimchokoza mwenzie, mwenzie ana washirika, na ugomvi mdogo unaweza kuishia kwenye maiti, kwahiyo nyumbani anajizuia zaidi.

Sasa turudi kwa yule mwenye mahindi na yule mwenye mbwa. Nyani wanaokaa barabarani wanasubiri magari hawakuzaliwa majambazi, wamefundishwa na sisi, kila ndizi inayorushwa dirishani ni Gombe na ni lile jalala la Mara kwa pamoja, chakula kizuri kimerundikwa sehemu moja na anayethubutu ndo anayekula, na wewe wa kesho usiyekuwa na ndizi ndo utakayeng'atwa. Tafadhali sana msiwarushie.

Kuhusu mbwa, mwangalie kabla hajang'ata. Anakakamaa mwili mzima. Anageuza kichwa pembeni ila macho yamebaki kwako, unaona weupe wa jicho kama mwezi mchanga. Analamba midomo wakati hakuna chakula. Mkia unaweza kuwa umebanwa katikati ya miguu, au umesimama juu mgumu unatikisika haraka haraka, na watu wanakosea hapo wanadhani anafurahi. Halafu ananguruma. Ukimpiga kwa sababu amenguruma, hujamwondolea hofu, umemwondolea onyo, na siku nyingine ataanza na meno moja kwa moja. Mbwa aliyefungwa mnyororo mchana kutwa, watoto wanamrushia mawe kupitia geti, hana pa kukimbilia, na mnyama asiye na pa kukimbilia hesabu yake inabaki na jibu moja.

Kuna hali moja ambapo hesabu yote hii inavunjika, nayo ni kichaa cha mbwa. Kirusi kinapita kwenye mishipa ya fahamu mpaka kwenye ubongo, na mnyama anang'ata hata kitu ambacho hakijamtisha wala hakimpi faida, anang'ata mawe, miti, mwenye mbwa mwenyewe aliyemlea. Mbwa mpole akiwa mkali ghafla, au mbwa mkali akiwa mpole kupita kiasi, anatokwa mate, sauti imebadilika, anashindwa kumeza, kaa mbali naye na mtaarifu afisa mifugo. Akishakung'ata osha kidonda hapo hapo kwa maji yanayotiririka na sabuni, dakika 15 kamili, usipake majivu wala pilipili, na siku hiyo hiyo nenda kituo cha afya uanze chanjo. Usisubiri uone kama mbwa atakufa. Dalili zikishaanza kwa binadamu karibu kila mara hakuna kurudi, ila chanjo ikiwahi mtoto anarudi shuleni kama kawaida.