Annabelle haelei, mmempunguza kasi

Kila kipande cha filamu za miaka ya 1890 za dansi ya serpentini, ile ya kuzungusha vazi pana la hariri, kikizuka mtandaoni, maoni ni yale yale: "Watu wa kale walicheza haraka haraka kama vikaragosi." La hasha! Anayeharakisha ni mashine yako.

Kamera ya ndugu Lumière, waanzilishi wa sinema Ufaransa, ya 1895 ilizungushwa kwa mkono, fremu (picha moja moja za kanda) 16 hivi kwa sekunde. Icheze kanda hiyo kwa 24, kasi ya kawaida ya sinema, mwendo unapanda mara moja na nusu. Hapo sawa, kosa linaeleweka.

Kinachonichosha ni filamu za Thomas Edison, mvumbuzi wa Marekani, kutiwa kapu hilo hilo. Kamera yake pale Black Maria, studio ya West Orange, New Jersey, iliendeshwa kwa mota ya umeme, na mara nyingi ilikaribia fremu 40 kwa sekunde. Piga hesabu: futi 50 za filamu ya milimita 35, fremu 16 kila futi, ni fremu 800. Kwa 40 hizo ni sekunde 20. Kwa 24 zinavutwa hadi 33. Basi huyo Annabelle Whitford, mcheza serpentini wa filamu za Edison, mnayemsifia kwa kuelea na hariri yake amepunguzwa kasi. Mwenyewe alikuwa akiizungusha kwa nguvu hasa.

Hiyo 40, nakiri, ni makadirio. Kanda haikuandikwa kasi. Na hariri ni shahidi mbovu, maana hewa huishika ikachelewa kushuka. Tazama miguu: akiruka, lazima atue kwa wakati wake. Ila viruko vyenyewe ni vifupi mno, na kati ya 36 na 42 jicho langu halikati shauri.

Rangi mnazoziona kwenye kanda ya Annabelle zilipakwa kwa brashi, fremu moja moja. Na Annabelle si Loie Fuller, tafadhali. Fuller ndiye mcheza dansi aliyeivumisha serpentini Paris, kwenye ukumbi wa burudani wa Folies Bergère, 1892; waigaji wakafuata.

Ukirekebisha ya Lumière, kurudia kila fremu ya pili kunakupa 24, lakini mwendo utakwamakwama. Programu za kubuni fremu za katikati ni balaa zaidi: ukingo wa hariri tayari una ukungu, programu haijui kitambaa kinaishia wapi, basi inakiyeyusha. Acha fremu zilivyo, badilisha kasi ya kuchezea tu.