Kupepeta si kuchuja

Juzi nilikuwa nakagua daftari la mtoto wa dada yangu, hapa Dodoma. Swali: utatenganishaje maharage na mchanga? Kajibu: "kwa kuchuja." Mwalimu kampa vema. Na sokoni nako nimeshauziwa mtama "uliochujwa" zaidi ya mara moja.

Mchanganyiko ni vitu vilivyokaa pamoja bila kuungana kikemikali, kila kimoja na tabia yake. Changanya unga wa chuma na salfa, sumaku itakuokotea chuma chote. Viunguze pamoja mpaka viungane, sumaku haipati kitu. Kutenganisha yabisi, basi, ni kutafuta tabia inayovitofautisha.

Kuchuja kunataka kimiminika. Tunachuja chai, tunachuja tui. Hata chumvi iliyoingia mchanga huwezi kuichuja ikiwa kavu: uitie maji iyeyuke, uchuje mchanga, kisha uchemshe maji mpaka yaishe, chumvi ibaki.

Kupepeta ni neno jingine kabisa, na linajieleza lenyewe. Lisikilize: upepo, kupepea, kipepeo, kupepeta. Ni ukoo mmoja, na anayefanya kazi ni upepo. Nenda vijiji vya Kongwa au Bahi kiangazi, uwele ukishapurwa. Mama anainua ungo usawa wa bega, anamimina kidogo kidogo juu ya turubai. Punje zinadondoka karibu na miguu yake, makapi yanachukuliwa mbali. Upepo ukitulia, anashusha ungo na kungoja. Ukigeuka, naye anahama upande. Hapo hakuna maji wala kitambaa. Kinachotenganisha ni wepesi wa makapi.

Lakini upepo hauondoi kijiwe. Kikiwa kidogo kuliko punje, unachekecha: chekeche linaangalia ukubwa tu, halijui kizito wala chepesi. Kikilingana na punje kwa ukubwa, hapo ungo na chekeche vyote vimeshindwa, unakaa chini unachambua kwa vidole. Ndiyo maana mtama uliopepetwa vizuri kabisa bado unaweza kukuvunja jino.

Nilimwambia mtoto afute, aandike "kwa kuchekecha": mchanga unapita kwenye matundu, maharage yanabaki juu. Akaniuliza, na yakiwa na maganda makavu? Hayo, mwanangu, yapepete.