Kipa namba mbili halipwi kwa kukaa

"Kocha, huyu mtoto anasugua benchi tu, bora tumtafutie timu nyingine." Wazazi wa makipa wameniambia hivyo mpaka nimechoka, na kijana mwenyewe anakuwa ameshaamini kwamba hana kazi.

Njoo uwanjani kabla ya mechi, timu zikipasha misuli. Namba moja yuko golini, na mara nyingi anayesaidiana na kocha kumpigia mipira ni namba mbili, yaani kipa wa akiba: ya chini kwanza, kisha ya kifuani, halafu krosi za kulia na kushoto. Akipiga hovyo, mwenzake anaingia mechini mikono haijachangamka. Katikati ya wiki ndiye anayebaki langoni washambuliaji wakitaka kuendelea na mazoezi ya kumalizia. Siku inayofuata mechi, waliocheza wanakimbia taratibu, yeye anapewa kazi nzito. Na pamoja na yote hayo, muda wowote anaweza kuitwa bila taarifa, kwa sababu sheria hairuhusu timu kucheza bila kipa. Wa kwanza akila kadi nyekundu, lazima mtu asimame golini palepale.

Mtazameni Tim Krul, kipa wa akiba wa Uholanzi. Robo fainali ya Kombe la Dunia 2014, mjini Salvador, Brazil, Uholanzi na Costa Rica zilikuwa hazijafungana. Sekunde za mwisho za muda wa nyongeza, kocha wao Louis van Gaal alimtoa Jasper Cillessen akamwingiza Krul, ambaye hakuwa amecheza hata dakika moja kwenye mashindano yale. Alijirusha upande sahihi kwenye penalti zote tano, akaokoa mbili. Wapo wanaosema ni bahati. Mara tano mfululizo? Ile ni kazi ya mtu aliyewasoma wapigaji.

Wala simaanishi kwamba kumwingiza kipa kwa ajili ya penalti ni dawa. Fainali ya Kombe la Ligi Uingereza, Februari 2022, Chelsea walimwingiza Kepa Arrizabalaga kwa kazi hiyohiyo. Liverpool walimfunga penalti zote 11, na ya kwake akaipaisha. Aliyekuwa golini kwa Liverpool, Caoimhin Kelleher, naye alikuwa namba mbili, nyuma ya Alisson. Alidaka dakika zote 120 na penalti yake akaifunga.

Kwa hiyo vijana wangu nawaambia kila wiki: mapumziko si ya kupiga soga. Ingia uwanjani, vaa glavu, daka. Ukirudi benchi, angalia kona zao zinaelekezwa wapi, na nani anakuja kumbana kipa. Asiyefanya hivyo, kweli anasugua benchi.

Eti namba moja na namba mbili ni maadui. Hawa wanafundishwa na kocha mmoja, pembeni ya wenzao, karibu kila siku. Anayemwombea mwenzake aumie hujulikana mapema, na makocha huambiana.

Eti kipa wa tatu ni hasara. Waulizeni Wakomoro. Januari 2022, hatua ya 16 bora ya AFCON dhidi ya wenyeji Kamerun, kipa wao mmoja alikuwa majeruhi na wawili walikuwa wamezuiwa kwa sababu ya korona. Beki wa kushoto, Chaker Alhadhur, ndiye aliyesimama golini, namba 3 ikiwa imebandikwa kwa utepe mgongoni. Alipambana kishujaa, wakafungwa 2-1.

Eti akikaa benchi msimu mzima ameisha. Kipa hukomaa taratibu, na wengi wanadaka vizuri zaidi wakishavuka miaka 28. Mwaka 2014 Édouard Mendy hakuwa na timu kabisa. Akaenda timu ya akiba ya Marseille, kisha Reims, huko nako akaanzia benchi. Mwaka 2021 alikuwa bingwa wa Ulaya na Chelsea, na Februari 2022 akabeba AFCON na Senegal.

Mzazi ana hoja sehemu moja tu: kijana wa miaka 19 ambaye hapati mechi yoyote, hata ya timu ya vijana. Huyo usimvunjie mkataba. Nenda klabuni kabla dirisha dogo la usajili halijafunguliwa, omba atolewe kwa mkopo, hata kama ni ligi za chini, Championship au First League, na hakikisha huko anakokwenda kuna kocha wa makipa.