Je, wajua? Padri hajawahi kufunga ndoa ya mtu, na kabla ya 1563 hata hakulazimika kuwepo

Miaka kadhaa nyuma kwenye kikao cha harusi ya binamu yangu nilijifanya najua. Mjadala ulikuwa wa hela kama kawaida, nani analipia muziki nani analipia chakula, mara mtu akauliza padri akichelewa itakuwaje, nikadakia fasta kwamba bila padri hamna ndoa kwa sababu yeye ndiye anayetoa hiyo sakramenti na imekuwa hivyo tangu enzi za Mitume. Kulikuwa na mzee mmoja, katekista mstaafu, kakaa pembeni na chai yake, akaniangalia kwa huruma akasema, "Mwanangu, umekosea mara mbili kwenye sentensi moja."

Nilikasirika kidogo, nikaenda kusoma. Mzee alikuwa sahihi.

Kosa la kwanza, lugha ilinichanganya. Tunasema padri kawafungisha ndoa, basi tunaona kama yeye ndiye mwenye shughuli. Lakini sikiliza vizuri, ni nani tunasema "wamefunga" ndoa? Ni wale wawili. Na ndivyo Kanisa la Kilatini, yaani Wakatoliki wa Magharibi, linavyofundisha: wahudumu wa sakramenti ya ndoa ni bwana na bibi harusi wenyewe, kila mmoja anampa mwenzake pale anapotamka "nakupokea wewe". Padri anauliza na kupokea ridhaa yao kwa niaba ya Kanisa, halafu anabariki. (Makanisa ya Mashariki ni stori nyingine, kule baraka ya padri ni ya lazima, kwa hiyo usiende kubishana na mtu wa huko ukasema umesoma kwangu.)

Kosa la pili ndilo tamu zaidi. Kwa mamia ya miaka, wabatizwa wawili ambao hawana kizuizi wangeweza kuoana chini ya mti, jikoni, kwenye karakana ya mhunzi, hata kitandani, bila padri, bila shahidi, bila mzazi kujua, na Kanisa likaitambua kuwa ndoa halali ya kufa na kuzikana. Kesi za mahakama za Kanisa za Zama za Kati zimejaa maeneo ya namna hiyo. Papa Alexander III, aliyeongoza kuanzia 1159 hadi 1181, ndiye aliyeipa nguvu kanuni kwamba ridhaa peke yake inatosha. Na hapa ukiwa Mswahili unaelewa haraka kuliko wengine, maana kila kitu kilining'inia kwenye herufi mbili katikati ya kitenzi. Ukisema ni-NA-kupokea, umeoa sasa hivi. Ukisema ni-TA-kupokea, huo ni uchumba tu, ila mkishalala pamoja baada ya hapo, ile TA inageuka NA na tayari mmeoana. Wanasheria walikaa mahakamani wanachambua nyakati za vitenzi vya mtu aliyezungumza gizani miaka mitatu iliyopita, kazi kwelikweli.

Sasa nisije nikaharibu kwa upande wa pili, maana nilipoanza kusimulia hii stori watu walikuwa wanasema kumbe zamani wazungu walikuwa wanaoana ovyo. Hapana. Mtaguso (mkutano mkuu wa maaskofu) wa nne wa Laterano mwaka 1215 ulishakataza ndoa za siri na ukaagiza ndoa zitangazwe kanisani kabla, kwa hiyo yale matangazo ya Jumapili hayakuzaliwa kwenye Mtaguso wa Trento wa 1563, ambao naufikia hivi punde, kama wengi wanavyodhani. Na familia nyingi zilifanya mambo hadharani, kwa sababu mahari na mashamba havipangwi kwa kunong'ona. Ndoa za siri zilikuwa ngapi hasa ni vigumu kuhesabu, siri ikifanikiwa haiachi karatasi, tunaona zile tu zilizoharibika zikafika kortini. Pointi ni kwamba ndoa ya siri ilikuwa kosa lakini si batili. Ni kama kupanda bodaboda bila helmeti, trafiki atakupiga faini, ila hawezi kusema hujafika ulikokwenda.

Shida ikaja hivi. Juma kamuoa Asha chini ya mwembe, wawili peke yao (majina nimeyabatiza mimi). Mwaka mmoja baadaye kachoka, kaenda kanisani kumuoa Maria mbele ya kijiji kizima. Asha analia, Juma anakana, shahidi hamna. Mahakama ya Kanisa inaona ndoa moja tu, ile ya Maria, na inaweza hata kumlazimisha Juma akae na Maria kwa kitisho cha kumtenga na Kanisa, wakati mbele za Mungu mke wake ni Asha. Yaani Kanisa lenyewe linamsukuma mtu kwenye uzinzi, na linajua. Mtaguso wa Trento wenyewe ulikiri kwenye maandishi yake kwamba Kanisa halihukumu mambo yaliyofichika, hivyo likikosa dawa kali zaidi haliwezi kuuponya ugonjwa huu.

Mtaguso wa Trento, kwa kifupi: maaskofu walikutana kaskazini mwa Italia kuanzia Desemba 1545 hadi Desemba 1563, kwa awamu tatu zenye mapumziko marefu, kujibu Luther na wenzake na kusafisha nyumba. Ndoa waliiacha karibu ya mwisho kabisa, na ikawatoa jasho. Wajumbe wa mfalme wa Ufaransa walitaka ndoa za siri zifutwe, na watoto wanaooa bila ridhaa ya wazazi ndoa zao zifutwe pia. Walikuwa na sababu. Miaka michache nyuma François de Montmorency, mtoto wa mkuu wa majeshi, alikuwa ameshaahidiana kisirisiri na binti mmoja wa ikulu, Jeanne de Piennes, wakati baba mtu na mfalme Henri wa Pili walishampangia Diane, binti wa mfalme mwenyewe. Mwaka 1557 mfalme akatoa amri nzima kuhusu ridhaa ya wazazi, na kijana akaishia kwa Diane.

Lakini maaskofu walikwama kwenye swali ambalo si la siasa. Kama ridhaa ndiyo inayofanya sakramenti, na sakramenti imewekwa na Kristo, mtaguso unapata wapi ubavu wa kusema ridhaa sasa haitoshi? Na miaka elfu moja iliyopita ilikuwaje? Diego Laínez, mkuu wa Wajesuiti, alipinga waziwazi. Rasimu zikarudiwa mara kadhaa.

Ujanja walioupata ndio ulionifanya niipende hii habari. Hawakugusa ridhaa. Waligusa watu.

Chukua mtoto wa miaka kumi anauza shamba la urithi wake. Kaandika mkataba vizuri, kaweka sahihi, mnunuzi kalipa. Shamba ni la kweli, hela ni ya kweli, mkataba wa kuuziana kwa asili yake haujabadilika chochote, ila sheria inasema huyu bado hana uwezo wa kuingia mkataba wa namna hii, basi biashara haikufanyika. Hakuna aliyesema maana ya kuuza imebadilika, kilichobadilika ni nani anaweza. Ndivyo Trento ilivyofanya. Ilisema yeyote atakayejaribu kuoana bila paroko (padri wa parokia) kuwepo, au padri mwingine aliyeruhusiwa na paroko au askofu, na mashahidi wawili au watatu, huyo mtaguso unamfanya asiwe na uwezo kabisa wa kufunga ndoa kwa njia hiyo. Ridhaa ikabaki kiti cha enzi, mlango wa chumba ndio ukawekewa kufuli.

Na padri je? Hapo fikiria refa. Refa hafungi goli, mshambuliaji ndiye anafunga, lakini kwenye ligi mpira ukiingia wavuni refa hayupo uwanjani goli haliandikwi popote. Paroko akawa shahidi rasmi mwenye daftari, na daftari lenyewe likaagizwa hapohapo: majina ya waliooana, mashahidi, siku na mahali.

Amri ikapita tarehe 11 Novemba 1563, zaidi ya maaskofu 50 wakiikataa, ambayo kwa mtaguso ni kelele nyingi sana. Inaitwa Tametsi, kwa kuwa ndilo neno lake la kwanza, na maana yake ni "Ingawa". Sheria iliyobadilisha harusi za nusu ya dunia inaitwa Ingawa! Na ni jina linalofaa, maana inaanza kwa kusema ingawa hakuna shaka ndoa za siri za zamani zilikuwa ndoa za kweli, na inawalaani wanaokana hilo pamoja na wanaodai ndoa bila ridhaa ya wazazi ni batili. Wafaransa wakanuna, wakajitungia yao kule Blois mwaka 1579.

Ila soma tena masharti: paroko "awepo". Haikusema akubali. Watu si wajinga, wakaanza kuvizia. Unaingia na mchumba wako na mashahidi wawili chumbani kwa paroko anakula zake, unasema haraka huyu ni mke wangu, naye anasema huyu ni mume wangu, mmemaliza, hata akipiga kelele. Roma ilikubali kuwa ndoa kama hizo, ingawa ni kosa lenye adhabu, zimefungwa. Ufaransa karne ya 17 msomi mmoja aitwaye Gilbert Gaulmin alikataliwa na padri wake, akajitangazia ndoa mbele yake hivyohivyo, na mtindo ukapewa jina lake.

Tundu jingine: amri ilianza kufanya kazi siku 30 baada ya kutangazwa katika kila parokia. Isipotangazwa, sheria ya zamani inaendelea. Uingereza ya Kiprotestanti haikuitangaza bila shaka, kwa hiyo ikabaki na kanuni ya Papa Alexander hadi Bunge lake lilipotunga sheria mwaka 1753, karibu miaka 190 baada ya Wakatoliki wenyewe kuiacha. Papa Pius wa Kumi ndiye aliyeziba matundu haya mawili kwa amri ya Ne Temere ya 1907: ikaenea karibu kote, na padri lazima aalikwe, asilazimishwe kwa vitisho, na yeye mwenyewe ndiye aulize ridhaa.

Nilirudi kwa yule mzee kumpa taarifa kwamba ameshinda. Akaniuliza kama nimefika kanuni ya 1116 ya sheria za Kanisa za 1983. Sikuwa nimefika. Inasema hivi: mkiwa kwenye hatari ya kifo, au ikionekana kwa busara kwamba hamtampata padri mwenye mamlaka bila usumbufu mkubwa kwa mwezi mzima, mnaweza kuoana mbele ya mashahidi wawili tu, na ni ndoa halali kabisa. "Sasa," akasema, "lile swali la padri akichelewa, ungejibu hivyo. Ila achelewe mwezi."