Utafutaji wa picha za maktaba ni kazi gani?

Filamu ya historia ikionyesha majahazi ya zamani au umati wa sherehe za uhuru, picha hizo mwongozaji hakuzipiga yeye. Kuna mtu aliyezitafuta, akahakikisha ni za kweli, na akaomba ruhusa kwa wenyewe. Huyo ndiye mtafutaji wa picha za maktaba.

Tuseme unatengeneza filamu kuhusu Malindi. Roketi za Ngwana, kaskazini mwa mji, huwezi kuziacha nje. Tarehe 12 Desemba 1970, Kenya ikitimiza miaka saba ya uhuru, setilaiti iliyopewa jina Uhuru ilirushwa kutoka jukwaa la San Marco, baharini kaskazini mwa Malindi. Mradi ulikuwa wa Waitaliano na NASA, kwa hiyo picha zake utaanza kuzitafuta Italia na Marekani, si hapa mjini. Ndivyo zilivyo picha zetu nyingi: aliyeshika kamera alirudi kwao na mikanda yake.

Na huko ziliorodheshwa na watu wasioujua mji. Ukitafuta kwa neno Malindi peke yake huenda ukaambulia patupu. Jaribu Melinde, jinsi Wareno walivyouita mji, jaribu jina la jukwaa, mwaka, hata jina la meli.

Ukiipata klipu, unatumiwa kwanza nakala ya kutazamia: hafifu, nembo ya mwenyewe imekaa katikati, saa inakimbia pembeni. Hapo ndipo penye kazi. Maelezo yanaweza kusema Mombasa, kumbe nyuma ya wavuvi yamesimama makaburi ya mnara yaliyo kando ya Msikiti wa Ijumaa wa Malindi. Karani wa London hatayajua. Mzee wa Shela, mtaa wa Malindi, atayatambua klipu haijafika nusu. Kwangu mimi, mtafutaji ambaye hajawaonyesha wenyeji picha zao hajamaliza kazi, kwa sababu kosa likishaingia kwenye filamu, wengine watalinukuu kama ukweli.

Halafu kuna haki. Mwenye mkanda si lazima awe mwenye hakimiliki. Sheria ya Hakimiliki ya Kenya ya 2001 hulinda filamu kwa miaka 50, ikihesabiwa tangu mwisho wa mwaka ilipotengenezwa, ilipofikishwa kwa umma au ilipochapishwa, lolote lililochelewa zaidi. Kazi za serikali kuu ya Marekani, zikiwemo za NASA yenyewe, kwa kawaida hazina hakimiliki nchini humo. Muziki uliomo nao huwa na mwenyewe. Leseni mara nyingi hutozwa kwa sekunde au dakika, na bei hutegemea filamu itaonyeshwa wapi na kwa miaka mingapi. Ndiyo maana mtafutaji aitwe mapema, mhariri asije akajenga tukio zima juu ya klipu isiyolipika.

Katika mazungumzo hayo ya leseni, omba pia nakala moja ibaki Malindi, kwenye makumbusho au shuleni, itazamwe bure. Si wote watakaokubali, lakini wakati wa kuomba ni huo, kabla pesa hazijatumwa.