Mtaa Mzima, Redio Moja

Kila ninapowafundisha vijana kazi ya sauti ya filamu, naanzia Modesto. Ni mji wa mashamba huko California, alikozaliwa mwongozaji wa filamu George Lucas mwaka 1944. Enzi za ujana wake, usiku watu walipiga misele kwa magari kwenye barabara za 10 na 11: mwendo wa pole, vioo vimeshushwa, unafika mwisho, unageuza, unarudi. Hakuna anayekwenda popote. Wanatazamana, wanatongozana, wanachokozana washindane mbio.

Lucas alikuwamo, na kigari chake kidogo cha Autobianchi. Juni 1962, siku chache kabla ya kumaliza sekondari, aligongwa na gari jingine akikata kona kuelekea nyumbani, kikabingirika hadi kwenye mti wa jozi. Mkanda wa kiti ulikatika, akarushwa nje, na hiyo ndiyo ikawa salama yake. Ndoto ya mashindano ya magari ikaishia pale.

Filamu yake "American Graffiti" ya 1973 ni usiku mmoja wa mwaka huo wa 1962, mjini Modesto, ingawa sehemu kubwa ilipigwa picha Petaluma, mji mwingine wa California. Wengi huisifia kwa magari yake. Mimi husema: sikilizeni redio! Gari baada ya gari limefungulia stesheni ileile, mtangazaji ni Wolfman Jack, na wimbo ulioanza kwenye gari hili unaupokea kwenye lile linalopita.

Sauti ile ilifanyiwa kazi kwa mikono. Lucas na fundi wake wa sauti, Walter Murch, walitengeneza kipindi cha redio cha saa mbili, nyimbo 40 na ushei, wakakipiga uani kwenye nyumba. Lucas aligeuzageuza spika. Murch, hatua kadhaa mbele yake, alisogeza maikrofoni huku na huku akirekodi upya. Wakapata muziki uliokwisha kupigwa na upepo na kugonga kuta. Wakati wa kuchanganya, mhusika akikaa karibu na redio walipandisha sauti safi, ile ya kipindi chenyewe. Watu wakianza kuzungumza, ile ya uani ikachukua nafasi, na muziki ukarudi nyuma bila kunyamaza.

Naamini sikio hilo Lucas alilipata barabarani, usiku baada ya usiku, kabla hajashika kamera.

Jumamosi hii wanafunzi wangu wanatoka na spika moja na maikrofoni moja. Nimewaambia waanze na uchochoro nyuma ya studio, kuta zake ziko karibu.